Kupiga Deki Kimyakimya: Janet Leigh, Mwea na Filamu Mbili za Kutisha

Wanaoorodhesha waigizaji wa kike waliowatia watu hofu katika sinema za Marekani hawakosi kumtaja Janet Leigh, na kila wanapomtaja wanataja filamu moja: Psycho ya mwaka 1960, na ndani ya filamu hiyo sekunde 45 hivi za mwanamke anayeuawa kwa kisu bafuni. Sifa hiyo ni haki yake. Lakini miaka michache kabla ya bafu lile, mwanamke huyuhuyu alikuja Kenya, katikati ya Hali ya Hatari iliyotangazwa kwa sababu ya vita vya Mau Mau dhidi ya utawala wa Kiingereza, akaigiza filamu iitwayo Safari iliyotoka mwaka 1956. Waandishi wa historia ya sinema wanaiweka Safari katika kapu la filamu za uwindaji na kuipita mbio. Makala haya yanadai kwamba Safari nayo ni filamu ya kutisha, iliyofunikwa kwa ngozi ya simba na mandhari ya mbuga. Na kwamba mtu akizitazama hizi mbili pamoja, kisha akakumbuka yaliyotendeka Embu na Meru miaka hiyo, atakuta Psycho inaieleza Kenya ya 1956 vizuri kuliko Safari, ingawa mwongozaji wake, Alfred Hitchcock, hakuitaja Kenya popote.

Leigh alizaliwa Merced, California, tarehe 6 Julai 1927, na jina lake la kuzaliwa lilikuwa Jeanette Helen Morrison. Hakuwa na mpango wa kuigiza. Picha yake iliyowekwa katika hoteli ya michezo ya theluji ilionwa na mwigizaji mkongwe Norma Shearer, picha ikafika kampuni ya MGM, na kufikia mwaka 1947 msichana aliyekuwa hajawahi kusimama jukwaani kwa malipo alikuwa mwigizaji mkuu katika The Romance of Rosy Ridge. Miaka kumi iliyofuata ilikuwa ya kazi mfululizo: Little Women mwaka 1949, Houdini mwaka 1953 akiwa na mumewe Tony Curtis, filamu za nyimbo, filamu za mapanga na ngome. Kampuni zilimwona kuwa binti mwema wa jirani, na watazamaji waliingia sinema wakiwa wameshampenda kabla hajasema neno. Jambo hilo lina uzito katika hoja inayofuata. Filamu ya kutisha huhitaji mtu ambaye hadhira haiko tayari kumpoteza, na Leigh alikuwa mtu huyo kabla Hitchcock hajampigia simu.

Waliokuwa wa kwanza kumtumia hivyo ni Warwick Films, kampuni ya Irving Allen na Albert Broccoli iliyokuwa na makao London. Mwongozaji wao alikuwa Terence Young. (Broccoli na Young ndio waliokuja baadaye kuanzisha filamu za James Bond kwa Dr. No ya 1962, na mwenye jicho ataona kwamba ule mchanganyiko wa nchi ya mbali, mwanamke mrembo na adui mweusi au wa manjano anayenyemelea ulikuwa umeshafanyiwa mazoezi Afrika Mashariki.) Walikuja na rangi za Technicolor na kioo kipana cha CinemaScope, wakamleta Victor Mature kuwa mwindaji Ken Duffield, na Leigh kuwa Linda Latham, mchumba wa tajiri wa Kiingereza anayetaka kuua simba. Kisa chenyewe hakichukui muda kusimulia. Duffield ana mtumishi wa nyumbani anayemwamini, Jeroge. Jeroge amekula kiapo cha Mau Mau bila bosi wake kujua, na mtoto wa kiume wa Duffield anauawa nyumbani. Serikali inamnyang'anya Duffield leseni ya uwindaji ili asiende kulipiza kisasi, tajiri anatumia ukubwa wake kumrudishia, na msafara unaingia porini ukiwa na shabaha mbili: simba wa yule tajiri na mtu wa yule mwindaji.

Tutoe wanyama na machweo katika filamu hiyo tuone kinachobaki. Kinabaki nyumba yenye amani, mtoto asiye na hatia, mtu wa karibu aliyekuwa akitandika meza, siri anayoificha nyuma ya utiifu, na mlango unaofunguliwa usiku. Hayo ndiyo mafuta ya taa ya filamu yoyote ya kutisha. Hofu ya Safari haitoki msituni, maana huko msituni mwindaji ana bunduki na anajua njia, inatoka jikoni. Halafu anaingia Linda, mwanamke mweupe anayeanza kukubalika mbele ya macho ya mtazamaji, ili kila kichaka kikitikisika mtazamaji ajiulize kama sasa ni zamu yake. Uigizaji wa Leigh hapa si wa kutajwa sana, kwa sababu mswada haukumpa la kufanya zaidi ya kuwa wa kuokolewa. Ila kazi aliyopewa ni ileile ambayo mabinti wa filamu za kutisha wamekuwa wakipewa tangu Fay Wray alipokuwa mkononi mwa King Kong mwaka 1933.

Sasa tuangalie nchi ambamo kamera hizo zilitua. Gavana Evelyn Baring alitangaza Hali ya Hatari tarehe 20 Oktoba 1952. Tarehe 24 Aprili 1954 ilianza Operesheni Anvil, msako mkubwa jijini Nairobi, na serikali ikawaweka Wakikuyu, Waembu na Wameru katika fungu moja la watu wa kushukiwa. Kuanzia katikati ya mwaka huo, zaidi ya watu milioni moja wa jamii hizo walihamishwa kwa lazima kutoka makazi yao yaliyotawanyika migongoni mwa vilima, wakasongamanishwa katika vijiji zaidi ya 800 vilivyozungushiwa senyenge, mitaro na vijiti vilivyochongwa, na homgadi, walinzi Waafrika wa upande wa serikali, mlangoni. Nyumba za zamani zilichomwa. Mtaro wa takriban kilomita 80 ulichimbwa kando ya msitu wa Mlima Kenya kuwatenga wapiganaji na vijiji, na wachimbaji walikuwa kwa sehemu kubwa wanawake, kwa amri na bila malipo, kwa sababu wanaume wengi walikuwa kizuizini, msituni au makaburini. Hiyo ndiyo hali iliyokuwapo kwenye miteremko ya Embu na Meru wakati Mature na Leigh wakipakwa poda mbele ya kamera. Filamu ilisema kwamba wanaolala kwa woga nchini Kenya ni wenye mashamba. Bila shaka walikuwapo walowezi waliolala na bastola chini ya mto. Lakini kijiji cha senyenge hakikuonyeshwa.

Msomaji mwenye haki atapinga papa hapa, na pingamizi lake lina uzito. Mau Mau waliua, na hawakuua askari peke yao. Familia ya Ruck iliuawa Kinangop tarehe 24 Januari 1953: mume, mke, na mtoto wao wa miaka sita, na waliokuwa wakifanya kazi pale nyumbani walihusishwa. Safari haikubuni tukio la mtoto kutoka hewani. Usiku wa tarehe 26 Machi mwaka huohuo kule Lari, Kiambu, familia za watu waliohesabiwa kuwa upande wa serikali zilichomwa ndani ya nyumba zao. Waafrika wapatao 1,800 waliuawa na Mau Mau kwa hesabu za serikali, na Meru na Embu wapo ambao wazee wao wamo katika hesabu hiyo. Kusema kwamba hofu ile ilikuwa ndoto za Wazungu ni kuwatukana waliokufa.

Hata hivyo hoja haiporomoki, kwa sababu sehemu ya kupimia filamu ya kutisha ni pale inapoielekeza hofu. Walowezi wa kiraia waliouawa kwa miaka yote ya vita walikuwa 32. Hesabu rasmi ya wapiganaji wa Mau Mau waliouawa ni 11,503, na waliofikishwa kitanzini ni 1,090, idadi isiyopata kufikiwa katika vita vingine vyovyote vya kuuaga ukoloni wa Kiingereza. Hizo namba za waliouawa upande wa Waafrika ni za serikali yenyewe, iliyokuwa na kila sababu ya kuzipunguza. Mwandishi wa mswada akichagua kifo kimoja cha mtoto mweupe kuwa mlango wa hadithi, na akakifanya kiwe ndiyo maana ya vita vizima, amefanya uamuzi. Lari ilikuwa na watoto pia, wengi zaidi, ila walikuwa weusi, na hakuna kampuni ya London wala Hollywood iliyoona kwamba mtoto wa Lari anaweza kumfanya mtazamaji ashike mkono wa kiti. Hapo ndipo Safari inapojifunua: hata ushahidi wa ukatili wa Mau Mau ulio mkubwa zaidi haukuifaa, kwa kuwa haukuwa na Mzungu ndani yake.

Angalia pia nani alipewa kuigiza nini. Jeroge aliigizwa na Earl Cameron, mzaliwa wa Bermuda, mwigizaji hodari aliyekufa mwaka 2020 akiwa na miaka 102. Mwaka mmoja kabla, katika filamu nyingine ya Mau Mau iitwayo Simba, Cameron alikuwa Daktari Karanja, Mwafrika mwema anayegundua kwamba baba yake ndiye kiongozi wa siri wa wauaji. Baba huyo aliigizwa na Orlando Martins wa Nigeria, ambaye naye yumo tena ndani ya Safari. Kwa hiyo mtu wa Bermuda na mtu wa Lagos ndio waliobeba sura ya Mkikuyu, Mwembu na Mmeru kwa watazamaji wa dunia nzima, mmoja akiwa leo daktari, kesho muuaji. Mkenya aliyepata nafasi ya maana ni mtoto aliyetajwa kwa jina moja tu, Juma, ambaye Warwick walimtumia pia katika filamu ya Odongo mwaka uleule. Watu wazima wa nchi yenyewe walikuwa wa kubeba mizigo na kucheza ngoma kwa mbali.

Wanawake wa Kiafrika hawakupata hata nafasi ya kutisha. Jambo hili linastahili kutuliwa kidogo, kwa sababu mwaka 1956 huko Meru ulikuwa mwaka wa wasichana. Mwezi wa Aprili Njuri Ncheke, baraza la wazee ambalo watawala walikuwa wamelipa nguvu mpya kwa matumaini ya kuwatenga Wameru na siasa za Wakikuyu, lilipiga marufuku ukeketaji. Wasichana wengi wakakataa, wakajifanyia wenyewe kwa wembe, wakaitwa Ngaitana, na katika miaka mitatu zaidi ya watu 2,400 wakashtakiwa katika mahakama za Kiafrika. Si lazima mtu akipende kitendo chenyewe, na wengi leo Meru wanakikataa, ili aone ukubwa wa habari hiyo: wasichana wadogo, chini ya kafyu, wakiwapinga mkuu wa wilaya, wamishenari na wazee wao kwa pamoja. Mtengeneza sinema mwenye njaa ya mwanamke aliye hatarini angeweza kumpata kila kilima. Badala yake mwanamke pekee aliyeonekana kuwa na mwili wa kuumizwa ni Linda Latham.

Tuje kwenye Psycho. Alfred Hitchcock aliitengeneza kwa bei rahisi, dola kama 800,000, kwa filamu ya rangi nyeusi na nyeupe na kikosi cha mafundi wa kipindi chake cha televisheni. Leigh alilipwa dola 25,000 kuwa Marion Crane, karani wa Phoenix anayeiba dola 40,000 za mteja wa mwajiri wake na kukimbia nazo, akalala katika moteli ya Norman Bates. Tukio la bafuni lilichukua siku saba kupigwa, mnamo Desemba 1959, kamera ikihamishwa zaidi ya mara 70. Damu ilikuwa sharubati ya chokoleti, sauti ya kisu ilitokana na tikiti lililochomwachomwa, na vinanda vya Bernard Herrmann ndivyo vilivyofanya kazi ambayo macho hayakufanya. Mwigizaji mkuu anakufa kabla filamu haijafika nusu. Hapa ule uzoefu wa Leigh wa miaka kumi na mitatu ya kupendwa ulilipa: hadhira ya 1960 haikuamini kwamba binti mwema wa MGM anaweza kuachwa sakafuni, jicho wazi, na hadithi ikaendelea bila yeye. Aliteuliwa kuwania Oscar na akashinda Golden Globe.

Kila mtu hukumbuka kisu. Linalofuata baada ya kisu ndilo zito zaidi, na hukumbukwa na wachache. Norman anaingia, anaona, anaziba mdomo kwa mkono, kisha anafanya kazi. Anauvingirisha mwili katika pazia la bafu. Anapiga deki sakafu, anafuta beseni, ananawa mikono, anakusanya nguo na viatu vya mgeni, anatazama tena asisahau kitu. Anaona gazeti juu ya meza, analirusha ndani ya buti la gari bila kujua kwamba dola 40,000 zimo ndani yake. Anasukuma gari likazama kinamasini. Yote hayo huchukua dakika nyingi, karibu bila neno. Gari linazama, linazama, kisha linasimama, paa jeupe likiwa bado juu ya tope. Norman anageuza shingo huku na huku. Na mtazamaji, aliyemlilia Marion dakika kumi zilizopita, anajikuta akiomba gari lizame. Hitchcock amempa ndoo na kitambaa, naye amevipokea. Hapo ndipo filamu inapotisha kweli: mwenye nyumba ni kijana mpole, msafi, anayemkaribisha mgeni kwa mkate na maziwa, na unadhifu wake ndio silaha yake ya pili.

Sasa turudi Embu. Wilaya ya Embu ya wakati ule ilijumuisha Kirinyaga ya leo, na humo ndimo zilimokuwa kambi za Mwea: Thiba, Kandongu, Gathigiriri na nyinginezo. Wafungwa wa kisiasa ndio waliofyeka tambarare hiyo na kuchimba mifereji kuanzia 1954, na mpunga wa pishori unaouzwa leo kando ya barabara ya Embu ulianza katika mifereji hiyo. Mwaka 1957 ofisa Terence Gavaghan alipewa kambi hizo ili awavunje waliokataa kukiri kiapo. Njia yake ilikuwa kuwaleta wakaidi wachache wachache, wakazungukwa na wengi waliokwisha kusalimu amri, na kupigwa papo hapo wakikaidi amri ya kwanza: kunyolewa na kubadili nguo. Katika taarifa iliyomfikia gavana mwaka huo imeandikwa jinsi aliyepiga kelele alivyoangushwa, akakanyagwa kooni na kujazwa matope mdomoni. Aliyeandika si mpinzani wa serikali. Ni Eric Griffith-Jones, Mwanasheria Mkuu wa koloni, na alikuwa akieleza namna ya kuifanya njia hiyo iwe halali. Alimshauri gavana kwamba ikiwa ni lazima watende dhambi, basi waitende kimyakimya. London, kupitia kwa Waziri wa Makoloni Alan Lennox-Boyd, ikakubali.

Huo ni upigaji deki wa kitaaluma. Kimya chenyewe kilikuwa na utaratibu, wino na mihuri. Tarehe 3 Machi 1959, wafungwa 11 walipigwa hadi kufa kambini Hola, katika mpango uliotungwa na ofisa wa magereza aliyejifunzia kazi Mwea, na taarifa ya kwanza ya serikali ikasema wamekufa baada ya kunywa maji. Hali ya Hatari ikaondolewa tarehe 12 Januari 1960, na Psycho ikaanza kuonyeshwa New York tarehe 16 Juni mwaka huo. Kenya ilipokaribia uhuru mwaka 1963, mafaili yapatayo 1,500 yalisafirishwa hadi Uingereza, na mengine mengi yakachomwa. Yaliyosafirishwa yalikaa Hanslope Park, Buckinghamshire, bila kuorodheshwa, hadi mwaka 2011, baada ya wazee wa Kikenya kuishtaki serikali ya Uingereza London na wanahistoria kusisitiza kwamba karatasi haziwezi kuwa zimeyeyuka. Mmoja wa walalamikaji, Jane Muthoni Mara, alikuwa kijana wa miaka kumi na kitu mwaka 1954 alipopelekwa kambi ya uchunguzi ya Gatithi, wilaya hiyohiyo ya Embu, akateswa kwa namna ambayo mahakama ilisikia na haihitaji kurudiwa hapa. Mwezi Juni 2013 serikali ya Uingereza ilieleza masikitiko na kukubali kuwalipa watu 5,228 jumla ya pauni milioni 19.9.

Atakayesema kwamba ulinganisho huu umelazimishwa atauliza: Psycho ilitoka katika riwaya ya Robert Bloch ya 1959, mswada ni wa Joseph Stefano, na kati yao hakuna aliyewaza Mwea, kwa nini kuipa filamu ya moteli ya California mzigo wa Embu? Ni kweli, hakuna aliyewaza. Sidai kwamba Psycho ni fumbo la ukoloni, na anayetaka kuligeuza beseni la bafu kuwa ramani ya Afrika aendelee peke yake. Ninachodai ni kidogo na kinaweza kupimwa. Filamu ya kutisha ni maelezo ya mahali ubaya unapokaa, na maelezo yanaweza kuwa sahihi au yasiwe sahihi. Safari ilijiweka ndani ya Kenya, kwa majina ya Kenya, na kueleza kwamba ubaya uko kwa mtumishi, kwa yule asiye na nyumba, asiye na maandishi, aliyekula kiapo gizani. Psycho ilieleza kwamba ubaya unaweza kuwa kwa mwenye funguo, mwenye daftari la wageni, anayeomba radhi na kufuta sakafu. Peleka maelezo haya mawili mbele ya nyaraka za Hanslope uone yapi yanasimama. Jeroge alikuwapo Kenya, sikatai. Walikuwapo akina Jeroge walioua watoto. Lakini ubaya mkubwa kwa idadi, mrefu kwa miaka, uliopangwa kwa mikutano na kupitishwa kwa sahihi, ulikaa pale ambapo Safari iliweka usalama.

Pingamizi la mwisho linamhusu Leigh mwenyewe: alikuwa mwajiriwa wa miaka 28, hakuandika mswada, hakuchagua maadui. Hilo nalikubali bila masharti, na wala si nia ya makala haya kumshtaki marehemu. Ila kutokuwa na hatia kwake hakuifanyi Safari itoweke katika kazi zake. Baada ya Psycho alifanya The Manchurian Candidate mwaka 1962, kisha filamu zikapungua. Mwaka 1972 alikimbizwa na sungura wakubwa kama magari katika Night of the Lepus, filamu ambayo hata mashabiki wake huicheka. Mwaka 1980 aliigiza The Fog pamoja na binti yake Jamie Lee Curtis, ambaye Halloween ya 1978 ilikuwa imemfanya mrithi wa mama katika fani. Na mwaka 1998 walikutana tena katika Halloween H20, Leigh akiwa katibu muhtasi mwenye gari kama lile lililozama kinamasini. Alifariki tarehe 3 Oktoba 2004. Katika mlolongo huo sungura wanahesabiwa kuwa filamu ya kutisha, na mtumishi mweusi mwenye panga hahesabiwi, anaitwa sehemu ya filamu ya uwindaji. Sioni kipimo chochote cha kisanaa kinachoeleza tofauti hiyo. Sungura hawakumdhuru mtu yeyote walipotoka ndani ya kioo. Picha ya Jeroge ilitembea Uingereza na Marekani miaka ileile ambayo wabunge waliulizwa kama wanataka kusikia kinachofanyika kambini, na wengi wakaona wanaijua Kenya tayari.

Sinema za kigeni ziliporudi upande wa Meru, zilirudi na simba. Virginia McKenna, yule aliyekuwa mwanamke wa kuokolewa katika Simba, akawa Joy Adamson katika Born Free ya 1966, kisa cha simba jike Elsa aliyeachiwa huru Meru na kuzikwa kando ya mto Ura. Ni filamu ya upole na haina kosa la Safari, lakini miaka ileile Meru ilikuwa na habari nyingine ambayo serikali mpya nayo haikutaka isimuliwe. Baimungi, mmoja wa majemadari wa Mau Mau wa Meru, alikuwa ametoka msituni wakati wa uhuru, akaona ardhi haigawiwi, akarudi msituni, na mwanzoni mwa 1965 akauawa na vikosi vya Kenya huru. Mwenzake Musa Mwariama alipigwa picha na Kenyatta, akaishi hadi 1989 bila chama chake kuwa halali, kwa maana marufuku ya kikoloni dhidi ya Mau Mau haikufutwa Nairobi hadi mwaka 2003, miaka arobaini baada ya bendera kubadilishwa.